Majani ya Milimani, Harusi za Kariakoo

Magoti yangu yamegoma kupanda ngazi, na mpambaji asiyepanda ngazi hugeuka mshauri. Washauri mjini hapa wametosha. Ndiyo maana nimeukabidhi mkasi wangu wa kupogolea, nimejikalia barazani Mtaa wa Mkunguni na kikombe cha kahawa, na nyinyi wadogo zangu mnaoendelea kupamba kumbi mmenijia na ombi: Dada Nasra, tuandikie ulivyokuwa ukifanya. Mmeomba wenyewe. Nikianza kucheka katikati ya habari mnivumilie, maana kazi hii sikuwahi kuifanya bila kucheka, hata pale ilipostahili kilio.

Sitawaeleza nilipata nini wala nilipanda cheo gani. Vyeo vya upambaji ni viwili tu: anayeshika ngazi na aliye juu ya ngazi. Nitawaeleza majani.

Nimezaliwa hapa hapa Kariakoo, ukoo wa Kiarabu, babu muuza vitambaa, baba muuza vitambaa. Mimi nilitegemewa nisimame nyuma ya kaunta nipime vitenge mpaka nipate mchumba. Basi siku moja nikatumwa sokoni kununua mchicha, nikakuta lori la Morogoro linashusha kabichi na karoti za Mgeta. Juu ya kabichi, chini ya gunia bichi, palikuwa na matita ya majani nisiyowahi kuyaona, yamechanuka kama manyoya, mabichi kabisa, yanadondosha maji. Niliinama nikayanusa. Yalinuka baridi. Mimi mtoto wa joto, niliyedhani baridi ni kitu cha kwenye soda, nilisimama pale nikiwa nimefumba macho mpaka mpagazi akanipigia mluzi nimpishe. Mchicha sikuununua.

Mwenye yale matita alikuwa Bi Mwanahawa, mama wa Kizaramo, mnene, mwenye sauti ya kuamrisha meli. Ndiye aliyekuwa akipamba harusi zote za maana kuanzia Gerezani hadi Magomeni. Aliniona nimeng'ang'ania tita lake.

"Umeshika nini hicho?" akaniuliza.

"Jani."

"Na mimi ni mtu. Jani gani?"

Sikujua. Akaniambia ni kangaga, limetoka kwenye kivuli cha milima ya Uluguru, na nikiendelea kulikamata kwa kiganja cha moto hivyo litakufa kabla ya adhuhuri. "Kama unataka kulishika, nenda kaloweshe mikono kwanza." Nikaenda kuloweka mikono. Kwa ufupi hiyo ndiyo siku yangu ya kwanza kazini, na nyumbani walikula wali mkavu bila mboga.

Kibanda cha Bi Mwanahawa kilikuwa kwenye uchochoro nyuma ya soko, na nchi nzima ilikuwa imepangwa mle ndani kwa ndoo. Mlangoni, penye joto, aliweka vya pwani: makuti, ukindu, matawi ya mkoko. Hivyo havihitaji kubembelezwa. Ukiingia ndani zaidi, matawi ya miyombo ya bara, ambayo majani yake machanga hutoka mekundu kabla ya mvua, hata wageni harusini wakadhani tumeyapaka rangi. Kisha mianzi ya Iringa. Kisha migomba mwitu ya mabonde ya milimani, ile yenye majani mapana ya kumfunika bwana harusi na mshenga wake. Na ndani kabisa, gizani, karibu na pande la barafu, kangaga na kuvumwani, yaani ule uoto laini wa kijani unaoivika miti ya misitu ya mawingu. Kanuni yake ilikuwa moja: jani lililozaliwa juu zaidi, likae karibu zaidi na barafu. Barafu tuliifuata Feri kwa wauza samaki. Kuna harusi moja ya Upanga msitu wetu ulipendeza sana, ila ulinuka changu mpaka keki ilipokatwa.

Juu ya misitu kuna nini? Nilimuuliza dereva wa lori. Akasema msitu ukiisha miti inakuwa mifupi na inaota ndevu, kisha vichaka vigumu vya majani membamba, kisha mimea ya ajabu iliyosimama kama kabichi juu ya nguzo, kisha mawe, kisha hakuna kitu. Nilimwona mwongo. Baadaye sana nikajua kwamba kwa Kilimanjaro alisema kweli tupu, ila vile vya juu hatukuvigusa. Viko hifadhini na huko vikae. Bi Mwanahawa hakuruhusu hata kangaga la msituni: alinunua kwa wakulima wanaolipanda chini ya migomba yao. "Ukipamba harusi ya leo kwa msitu wa kesho," alisema, "watoto wao watapamba kwa plastiki." Plastiki imekuja, kama mnavyoona, bila kungoja watoto.

Sasa zana. Mkasi mkali, na usikatie utepe wala kucha. Mnanijua kwa hili. Waya mwembamba. Ndoo ya maji ya kukatia, maana shina la mlimani likikatwa hewani humeza upepo na halinywi tena. Magunia ya katani ya kulowesha. Chupa ya kupuliza maji yenye tundu dogo. Na kanga mbili: moja ya kujifunga kiunoni, nyingine ya kumfunika bibi harusi ngazi ikianguka. Msicheke. Imefaa zaidi ya mara moja.

Kesi ngumu? Nyingi. Kuna kuvumwani lililokuja na siafu. Ilikuwa Magomeni, harusi ya watu wakubwa, bibi harusi amekaa juu ya kiti tulichokivisha ukijani ule laini mpaka kwenye egemeo. Wakaanza mashangazi waliokaa karibu naye. Mmoja akaruka. Wa pili akaruka na kuzungusha mguu. Mpiga kinanda, mtu mwenye akili nyepesi, akadhani wameupenda wimbo, akauongeza kasi. Ukumbi mzima ukasimama kupiga makofi, wanawake wakaanza kuiga, na nilipomfikia bibi harusi kumnong'oneza ainuke, alikuwa tayari anacheza kuliko wote. Mpaka leo ukoo ule husema hakujawahi kuwa na harusi iliyochangamka vile. Sisi tulikubali sifa kwa unyenyekevu.

Kuna pia kinyonga kutoka Uluguru aliyesafiri ndani ya kangaga mpaka Buguruni, akatembea taratibu juu ya meza kuu, hatua moja, kutafakari, hatua nyingine, hadi kwenye kofia ya shehe. Shehe hakuhisi. Watu wa pwani mnajua tunavyomwogopa kinyonga. Mahari ilisomwa mbele ya watu walioganda wote, na shehe akasifu utulivu wa hadhara ile.

Baada ya miaka kadhaa nilimwambia Bi Mwanahawa nataka kuona majani yanakotoka. Akanipandisha lori lililorudi tupu. Kule juu ya Morogoro, tulipoacha mashamba ya njegere na kuingia kwenye ukungu, niliteremka nikaona kangaga lililosimama kwa shina lake, refu kama mnazi mchanga, limefungua mwavuli juu ya kichwa changu. Kila mti ulikuwa umevaa nguo. Maji yalitoka kila mahali, hata kwenye mawe, na kwenye nyufa za mawe yaliota maua madogo ya zambarau ambayo hakuna aliyeyapanda. Furaha ilinishika vibaya. Nilicheka mpaka mwenyeji wangu, mkulima wa Kiluguru, akaniuliza kama nimekula kitu njiani. Nilimjibu kwamba miaka yote nimekuwa nikipamba harusi, kumbe huku mlimani iko harusi isiyoisha na hakuna hata mpambaji.

Bi Mwanahawa alipozeeka aliniachia kibanda na ndoo zake. Sikupenda kumwona akikaa chini kutazama, na nilimwambia hivyo. Akanijibu nifanye kazi, machozi yana chumvi na chumvi inaua kangaga. Alifariki mwaka uliofuata. Nilimpamba jeneza kwa majani ya pwani, yale yasiyohitaji kubembelezwa.

Sasa nifike kwenye kazi moja ambayo mmeshaisikia kwa vipande, kila mtu na uongo wake. Haikuwa ya mwisho kwangu, lakini nimeiweka mwisho kwa kuwa sina nyingine ya kuizidi.

Alikuja msichana kibandani, mrefu, mchangamfu, jina lake Manka. Mchaga aliyekulia hapa mjini, baba yake ana duka la vipuri Msimbazi.

"Shikamoo Dada Nasra."

"Marahaba. Harusi au sendofu?"

"Sendofu. Siku wanayoniaga kwetu nataka unijengee msitu."

"Msitu wa namna gani?"

"Wa kuficha wazee wawili."

Nilimpa kigoda. Wazee wenyewe, akasema, ni baba yake, Mzee Aminieli, na baba yake mkubwa, Mzee Elisante, wa Marangu. Ndugu wa tumbo moja, hawasemeshani tangu yeye yuko sekondari. Waligombania mpaka wa kihamba, yaani lile shamba la ukoo la migomba na kahawa. "Na huyo baba mkubwa ndiye aliyenilea nilipokuwa nasoma kule. Kila siku alinisindikiza shule na fimbo yake. Siwezi kuagwa bila yeye, dada, kiukweli siwezi. Na baba kasema yule akikanyaga ukumbini, yeye anatoka."

"Sasa umefanyaje?"

"Nimewaalika wote. Kila mmoja nimemwambia mwenzake haji."

"Manka."

"Najua. Ila nikishaingia mimi, hakuna atakayeondoka mbele za watu akanitia aibu. Shida ni ile saa kabla sijaingia. We weka baba huku, baba mkubwa kule, katikati msitu mnene. Mimi niko saluni, sitoki mpaka unipigie uniambie wamekaa wote wawili. Mmoja akiondoka, navua gauni narudi nyumbani. Hakuna sendofu."

Alisema hivyo akitabasamu, lakini vidole vyake vilikuwa vimekunja ncha ya mtandio mpaka ikawa kamba. Nikakubali papo hapo. Nani angekataa? Miaka yote nilikuwa naombwa maua ya kuonekana. Huyu alikuwa wa kwanza kuniomba majani ya kufanya kazi.

Msitu niliupanga vizuri: mianzi ya Iringa nyuma, migomba mwitu katikati, kangaga mbele na juu, kuvumwani chini (lililokung'utwa siafu mara tatu). Kwa ajili ya meza nilitaka kitu cha kwao Kilimanjaro, na kisichonyauka. Nilimpigia mama mmoja mkulima wa Marangu niliyeelekezwa na wauza ndizi. Akanitumia picha yake akiwa kwenye migomba. Mimi nikaona nyuma yake ua wa majani marefu membamba yanayong'aa, yamesimama wima kama askari waliolala vizuri.

"Hayo nyuma yako ni nini, mama?"

"Haya? Masale tu."

"Yananyauka?"

"Masale? Hata ukiyasahau uani mwezi, yanakungoja."

"Basi niletee gunia zima, na mengine yawe na mashina, nitatia kwenye vyungu."

 Kisha akauliza polepole, "Gunia zima? Kwani huko Dar mmekoseana nini?"

Nikacheka sana. Nilidhani ndio utani wa watu wa baridi. Nikamwambia huku tumekoseana mengi, alete tu.

Siku yenyewe tuliingia ukumbini Magomeni tangu asubuhi. Kikosi changu kilikuwa Wazaramo wawili, Mndengereko mmoja na mimi Mwarabu. Nalitaja hilo kwa sababu lina maana. Jani moja la masale, yaani isale, tuliliweka kwenye kila sahani. Lilikuwa refu, ncha inagonga glasi, kwa hiyo nikalipiga fundo katikati. Likapendeza mno. Nikaamuru yote yapigwe fundo. Tulipiga mafundo huku tunaimba.

Wazee huja mapema, na hawa walikuja mapema kuliko wazee. Mzee Aminieli alifika na suti ya kijivu, nikampeleka upande wa kushoto. Mzee Elisante alifika na koti na fimbo, nikampitisha mlango wa jikoni, nikamketisha upande wa kulia. Msitu katikati. Kila mmoja aliona majani tu. Nilikuwa mwepesi kama niliyepakwa mafuta. Nilichukua simu kumpigia Manka.

Umeme ukakatika.

Viyoyozi vikanyamaza. Jenereta la ukumbi lilikuwa na fundi wake maalumu, na fundi alikuwa Buguruni. Mnaijua Magomeni mchana, madirisha yamefungwa, mapazia mazito. Joto lilipanda pale pale, na kangaga zangu, watoto wa mawingu, zikaanza kuzimia. Nilikamata chupa ya kupuliza nikapanda ngazi. Nikipuliza juu, chini zinalegea. Nikipuliza chini, migomba mwitu inakunja majani kama mtu anayefunga mwavuli. Kichwa cha Mzee Aminieli, ambacho hakikuonekana, sasa kilionekana mpaka kwenye nyusi.

Hapo ndipo akaingia kutokea jikoni Mama Aika, dada wa wale wazee wawili, shangazi yake Manka. Akatazama meza. Akatazama sahani moja, ya pili, ya kumi. Akanishika kifundo cha mguu pale ngazini.

"Nani kaweka masale?"

"Mimi, shangazi. Yamependeza, eh?"

"Na mafundo?"

"Mimi pia."

Akakaa kwenye ngazi yangu, daraja la chini, kama aliyepigiwa simu ya msiba. Akanieleza kwa kunong'ona. Kwao isale ndilo hupandwa mpakani, na ndilo hupelekwa mtu anapoomba msamaha. Ukiletewa jani lililofungwa fundo, umeombwa radhi, na halikataliwi. "Hata kama mtu kakuulia ng'ombe. Hata kama kakuulia zaidi ya ng'ombe. Hulikatai." Akazungusha macho ukumbini. "Mwanangu, umeuomba msamaha ukoo mzima, na wapiga picha."

Niliteremka mbio kwenda kuyakusanya. Akanivuta kanga.

"Wameshashika," akasema.

Nikatazama. Kushoto, Mzee Aminieli alikuwa amelishika isale lake kwa mikono miwili, hatazami popote pengine. Kulia, Mzee Elisante alikuwa ameliweka lake juu ya goti, analipapasa fundo kwa kidole gumba. Hakuna aliyejua kwamba mwenzake yupo. Kila mmoja, nadhani, alikuwa akijiuliza limefikaje.

Nilirudi kwenye chupa yangu ya maji, nikapuliza kama mtu anayezima moto. Haikusaidia. Kangaga la juu kabisa likainama kwa adabu, likafuatwa na la pili, kisha upande wote wa katikati ukaporomoka kwa sauti ndogo ya majani, na wale ndugu wawili wakabaki wanatazamana kupitia mianzi, kila mmoja na jani lenye fundo mkononi.

Simu yangu ilikuwa inaita. Manka. Sikupokea.

Mzee Elisante akainuka. Nikasema moyoni, anaondoka, na gauni linavuliwa. Alichukua fimbo yake, akauzunguka msitu wangu uliokufa, akasimama mbele ya mdogo wake. Akainua lile jani.

"Umenitangulia," akasema.

Mzee Aminieli akasimama pia.  "Hapana kaka. Wewe ndiye umenitangulia. Mimi nimelikuta."

"Nimelikuta mimi."

"Nakwambia nimelikuta kwenye sahani."

"Na mimi la kwangu lilikuwa wapi, kwenye mfuko? Wewe ndiye umeleta, mbona hutaki kukubali kitu kizuri umefanya?"

"Sijaleta mimi, kaka, umeleta wewe."

Wallahi walianza kupandisha sauti. Walikuwa karibu kugombana upya juu ya nani aliyeanza kupatana. Nilifungua mdomo niseme ukweli, Mama Aika akanikanyaga mguu kwa kisigino chake chote. Kisha akasogea kati yao.

"Isale limefika au halijafika?" akawauliza.

"Limefika," akasema mkubwa.

"Limefika," akasema mdogo.

"Basi nyamazeni, mgeni rasmi anakuja."

Wakanyamaza. Halafu Mzee Aminieli akaweka paji lake la uso begani mwa kaka yake, akalia waziwazi, na yule mkubwa akawa anampigapiga mgongoni kwa mkono ulioshika fimbo, kwa hiyo alikuwa anampiga na fimbo pia, na wala hakuna aliyejali. Mimi nilikuwa nalia na kucheka kwa wakati mmoja, kazi ngumu sana ukiwa na chupa ya maji mkononi.

Simu ikaita tena.

"Dada, wamekaa?" akauliza Manka.

"Wamesimama."

"Nani anaondoka? Niambie tu."

"Hakuna anayeondoka. Wanagombania nani aliyemwomba mwenzake msamaha kwanza. Njoo."

Nilisikia msusi akimwambia asilie, wanja utachuruzika, kisha nikasikia msusi mwenyewe akilia.

Umeme ulirudi wakati Manka anaingia, baba kushoto, baba mkubwa kulia, msitu umelala chini wote wanaukanyaga. Wageni nao walipokuta masale kwenye sahani zao, ikawa vurumai. Mtu na shemeji yake walikumbatiana penye supu. Wafanyabiashara wawili wa Mtaa wa Kongo walipeana mikono, kisha wakaulizana wamekosana lini. Mwanamke mmoja alimfuata mumewe na jani akamwambia, haya, sema sasa, na mume, maskini, akasema jambo ambalo mke hakuwa akilijua. Mshereheshaji alisamehewa na watu asiowajua. Hakuna aliyesifia mapambo.

Baada ya ndafu, yule mbuzi mzima wa kuchoma, kukatwa, Mzee Elisante aliniita.

"Ndiye wewe uliyefunga yale mafundo?"

"Ndiyo, mzee. Shikamoo."

"Marahaba. Basi wewe ndiye uliyetuomba radhi, na tumekubali. Sasa tuambie, ulitukosea nini?"

Nikamwambia sikujua maana yake, kwetu pwani hatuna, na kama nimedhihaki mila yao anisamehe.

"Nina macho, binti," akasema. "Kabla sijaketi niliona isale kwenye sahani ya mpiga ngoma. Mpiga ngoma hajanikosea kitu."

"Sasa mzee, ulipomfuata ndugu yako ukamwambia amekutangulia..."

"Mtu amekaa na kiu miaka yote hiyo, ameletewa maji. Nianze kuuliza kisima cha nani?" Alitazama upande aliko mdogo wake, akisubiri aangalie pengine. "Na yule naye aliona. Tangu mtoto hawezi kuficha uso. Ila usimwambie kwamba najua."

Kisha akaelekeza fimbo kwenye vyungu vyangu, kwenye yale masale yenye mashina.

"Hayo utayatupa?"

"Kwa kawaida hutupwa, mzee."

"Usitupe. Yale ya mpaka tuliyang'oa kwa hasira, mimi nusu, yeye nusu. Isale huota kwa shina."

Asubuhi nikayafunga kwenye gunia la kulowa, nikayapeleka stendi. Niliwakuta wote wawili, basi la Moshi linaunguruma. Mzee Aminieli jana yake hakuwa na safari ya Marangu, na sasa hakuwa na begi. Alikuwa na suti ile ile ya kijivu. Walilishika gunia kila mmoja pembe yake, wakawa wanabishana nani alibebe, kondakta anawapigia kelele wapande, na hakuna aliyekuwa tayari kuachia.